Pale Marekani ilipopiga ramli kutafuta siri za maadui

Na Mwandishi Wetu, Bwejuu

NGALAWA inapochelewa kurudi Bwejuu, habari huenea bila ya kupigiwa mbiu. Kina mama wanaotoka kwenye mashamba ya mwani huikodolea bahari macho, wavuvi waliokwisha kurudi pwani huulizana nani alionekana mara ya mwisho nje ya mwamba, na wazee huhesabu saa za maji kujaa na kupwa. Usiku ukiingia bila ya dalili, vyombo vingine hutoka kwenda kutafuta. Lakini zipo pia familia ambazo, kimya kimya, humtuma mtu kwa mtazamiaji kwenda kuuliza maswali mawili: mtu wetu yuko wapi, na je, yu hai?

Masheikh hulikemea jambo hilo, na wasomi wa mjini hulicheka. Hata hivyo, wanaocheka huenda wakashangaa kusikia kwamba kwa muda wa miaka 23 taifa lenye setilaiti nyingi na majasusi wengi kuliko karibu mataifa yote duniani lilikuwa likiuliza maswali hayo hayo, kwa njia isiyotofautiana sana na hiyo, na likiyalipia kwa fedha za walipa kodi wake.

Kuanzia mwaka 1972 hadi 1995, Serikali ya Marekani iliendesha kwa siri utafiti wa kile ilichokiita kutazama kwa mbali, yaani uwezo unaodaiwa kuwa nao baadhi ya watu wa kuona kwa akili peke yake mahali ambapo macho hayafiki. Lengo halikuwa kutafuta wavuvi waliopotea. Lilikuwa kuchungulia ndani ya viwanda vya silaha vya Kisovieti, kutafuta ndege zilizoanguka na kujua mateka wamefichwa wapi. Mpango huo ulibadilishwa jina mara kadhaa, na jina la mwisho, ambalo ndilo lililojulikana zaidi, lilikuwa Star Gate.

Kilichotokea katika mpango huo kina somo kwa wakazi wa Unguja na Tanzania Bara, kwani swali lililoufunga ndilo ambalo kila anayekwenda kwa mtazamiaji angepaswa kuliuliza kabla ya kutoa fedha yake.

Hofu iliyozaa mradi

Chanzo cha mambo yote kilikuwa ni hofu. Mwanzoni mwa miaka ya 1970, katikati ya Vita Baridi, taarifa zilienea huko Magharibi kwamba Umoja wa Kisovieti ulikuwa ukitumia fedha nyingi kuchunguza nguvu za akili kwa ajili ya matumizi ya kijeshi. Mwaka 1972 idara ya ujasusi ya Wizara ya Ulinzi ya Marekani iliandaa ripoti ndefu kuhusu tafiti hizo za Kisovieti. Hakuna aliyekuwa na hakika kama Warusi walikuwa wamepata kitu, lakini viongozi wa Marekani waliona kwamba ikiwa wamepata, itakuwa hatari kubaki nyuma.

Mwaka huo huo, Shirika la Ujasusi la Marekani (CIA) lilitoa fedha kwa taasisi ya utafiti ya Stanford Research Institute iliyoko Menlo Park, katika jimbo la California. Wanafizikia wawili waliokuwa wataalamu wa miale ya leza, Harold Puthoff na Russell Targ, ndio waliokabidhiwa kazi hiyo. Miongoni mwa watu waliojaribiwa alikuwemo Ingo Swann, msanii wa uchoraji kutoka New York, na Pat Price, ambaye aliwahi kufanya kazi ya polisi katika mji wa Burbank.

Utaratibu wenyewe ulikuwa mwepesi kuuelezea. Mtazamaji alikaa katika chumba kimya, akiwa na karatasi na kalamu. Alipewa tarakimu za latitudo na longitudo, au aliambiwa tu kwamba ipo picha ndani ya bahasha iliyofungwa. Kisha alitakiwa kusema na kuchora chochote kilichomjia akilini, iwe ni maumbo, rangi, harufu au sauti. Msimamizi aliyekaa mbele yake aliandika kila neno.

Msomaji wa mwambao hatakosa kuona ufanano. Ramli, ambayo jina lake latokana na neno la Kiarabu lenye maana ya mchanga, nayo huanza kwa mtu kuweka alama ovyo mchangani au kwenye karatasi bila ya kuzihesabu, kisha alama hizo hupangwa katika maumbo 16 yenye majina na maana zake, na mwenye elimu hiyo huzifasiri. Kote kuwili kazi kubwa hufanywa na mfasiri.

Kreni ya Semipalatinsk

Mfano unaotajwa zaidi na watetezi wa mpango huo ni wa mwezi Julai 1974. Pat Price alipewa tarakimu za eneo moja karibu na Semipalatinsk, katika nchi ambayo leo ni Kazakhstan, ambako Wasovieti walikuwa na kituo cha siri cha utafiti. Price alichora kreni kubwa yenye magurudumu, inayopita juu ya jengo. Picha za setilaiti zilionesha kwamba kweli palikuwa na kreni ya namna hiyo.

Mchoro huo uliwashangaza waliouona. Lakini Price hakuchora kreni peke yake. Alitaja na kuchora mambo mengine mengi kuhusu kituo hicho, na wachambuzi walipoyalinganisha na yaliyojulikana, sehemu kubwa haikulingana na hali halisi. Kwa afisa wa ujasusi tatizo linaonekana hapo hapo: kabla ya kuziona picha za setilaiti, angejuaje kwamba kreni ndiyo ya kuamini, na mengineyo ni ya kutupwa? Mtu anayepatia moja na kukosea tisa, bila ya kuweza kusema ipi ni ipi, hamsaidii anayetakiwa kuamua.

Price alifariki dunia mwaka 1975, na CIA ikajitoa katika utafiti huo katikati ya muongo huo. Hata hivyo, Jeshi la Marekani liliupokea, na mwishoni mwa miaka ya 1970 likaanzisha kikosi kidogo cha watazamaji katika kambi ya Fort Meade, jimbo la Maryland. Baadaye kikosi hicho kiliwekwa chini ya idara ya ujasusi ya Wizara ya Ulinzi.

Ndege iliyoanguka Zaire

Kisa kinachoigusa zaidi sehemu hii ya Afrika kilisimuliwa na mtu asiyekuwa wa kawaida. Mwezi Septemba 1995, Rais wa zamani wa Marekani, Jimmy Carter, aliwaambia wanafunzi wa chuo kikuu mjini Atlanta kwamba wakati wa utawala wake, ulioanza 1977 hadi 1981, ndege ya Serikali ya Marekani ilianguka nchini Zaire, ambayo leo ni Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, na setilaiti zikashindwa kuiona. Kwa maelezo yake, mwanamke mmoja aliyedaiwa kuwa na uwezo wa kuona yaliyofichika aliombwa msaada, akazama katika hali ya kama njozi na kutaja latitudo na longitudo. Setilaiti zikaelekezwa hapo, na ndege ikaonekana.

Kisa hicho kimerudiwa mara nyingi kama ushahidi usiopingika, kwani aliyekisema alikuwa rais. Lakini anayekifuatilia atakuta kwamba hakisimuliwi kwa namna moja. Mwaka 2005, alipohojiwa na jarida moja la kwao, Carter aliitaja Jamhuri ya Afrika ya Kati badala ya Zaire. Nao watu waliofanya kazi ndani ya mpango husema kuwa ndege iliyotafutwa haikuwa ya Marekani, bali ya kivita iliyotengenezwa na Wasovieti, ambayo Marekani iliitaka kabla ya Moscow kuifikia.

Carter, aliyefariki dunia Desemba 2024, hakuwa mtu wa kudhaniwa kuwa aliitunga habari hiyo. Lakini kumbukumbu ya mtu mkweli nayo husogea kadiri miaka inavyopita, na jambo lililofanyika kwa siri halina mashahidi wengi wa kulisahihisha. Mpaka mlango unafunguliwa, wanaobaki na habari ni wachache, na kila mmoja ana toleo lake.

Kisa kingine kina mwisho ulio wazi zaidi. Tarehe 17 Desemba 1981, Jenerali James Dozier wa Jeshi la Marekani alitekwa nyara na kikundi cha Red Brigades mjini Verona, Italia. Watazamaji wa mbali walitumika kumtafuta na michoro ilitolewa. Tarehe 28 Januari 1982 Dozier aliokolewa akiwa hai mjini Padua, na waliomwokoa ni polisi wa Italia waliofuata nyayo za watekaji kwa kazi ya kawaida ya upelelezi.

Siku ya hesabu

Mwaka 1995, Vita Baridi ikiwa imekwisha, Bunge la Marekani liliagiza mpango huo uhamishiwe CIA, nayo CIA ikaiomba taasisi moja ya utafiti ya nje iutathmini. Wataalamu wawili waliitwa: Jessica Utts, mtaalamu wa takwimu wa Chuo Kikuu cha California, na Ray Hyman, mtaalamu wa saikolojia wa Chuo Kikuu cha Oregon, ambaye alijulikana kwa kutilia shaka madai ya aina hiyo.

Wawili hao walikubaliana kwamba matokeo ya majaribio ya maabara yalikuwa juu kidogo ya yale yanayotarajiwa kwa kubahatisha. Walipotofautiana ni katika maana yake. Utts aliona kuwa uwezo huo umethibitika. Hyman alisema la: tofauti ndogo katika takwimu haitoshi kuthibitisha jambo kubwa namna hiyo hadi watafiti wengine, walio huru, wapate matokeo yale yale. Tathmini ilibaini pia kwamba katika majaribio mengi aliyeamua kama mchoro umefanana na picha iliyokusudiwa alikuwa mtu mmoja, naye ndiye aliyeuongoza utafiti.

Kwa upande wa kazi halisi za ujasusi hapakuwa na ubishi mkubwa. Tathmini ilieleza kwamba taarifa za watazamaji zilikuwa za jumla mno, zilihitaji kufasiriwa sana, na kwamba hazikuwahi kutumika kuongoza operesheni yoyote ya kijasusi. Aidha, katika baadhi ya kazi, watazamaji walikuwa wamedokezwa habari za awali kuhusu walichotakiwa kukitafuta, hivyo haikuwezekana kujua kilichotoka katika uwezo wao na kilichotoka katika dokezo.

Ugumu huo ni rahisi kuuona kwa mfano wa hapa nyumbani. Mtu akisema anaona kitu kirefu, kuna chuma, na maji yako karibu, maneno hayo yanafaa kwa kreni za bandari ya Malindi, kwa mnara wa taa wa Ras Nungwi, na kwa minara ya simu iliyotapakaa mwambao wote. Aliyekwisha kujua jibu atasema, naam, amepatia. Asiyelijua hana pa kwenda.

Mpango ulifungwa mwaka huo wa 1995 na habari zake zikatangazwa hadharani. Kwa jumla ulikuwa umetumia takriban dola milioni 20. Kwa bajeti ya ulinzi ya Marekani hizo ni fedha ndogo, na hiyo ni sababu mojawapo ya kudumu kwake: ulikuwa ni bahati nasibu ya bei nafuu, na siri iliulinda usihesabiwe. Mwezi Januari 2017, CIA iliweka kwenye intaneti zaidi ya kurasa milioni 12 za nyaraka zake za zamani, zikiwemo za mpango huo, na sasa yeyote anaweza kuisoma michoro hiyo.

Uingereza nayo ilijaribu. Wizara yake ya Ulinzi ilifanya jaribio dogo mwanzoni mwa miaka ya 2000, ambapo watu wa kujitolea walitakiwa kueleza picha zilizokuwa ndani ya bahasha zilizofungwa. Nyaraka zilizotolewa mwaka 2007 zilionesha kuwa wengi wao walishindwa.

Unguja na kosa la kufasiri

Visiwa vya Zanzibar vina historia yao katika mambo ya siri ya dola kubwa, nayo yaonesha kwamba hata taarifa iliyosikika kwa masikio inaweza kupotosha.

Anayetoka Mjini kwenda Bwejuu hupita Tunguu. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, kabla ya uhuru, Marekani ilijenga huko kituo cha kufuatilia kwa redio vyombo vyake vya anga, na ni miongoni mwa vituo vilivyotumika Februari 1962 wakati John Glenn alipoizunguka dunia. Mitaani, hata hivyo, maneno yalikuwa mengine: kwamba ni kituo cha makombora. Vyama vya siasa vilikilalamikia. Baada ya Mapinduzi ya Januari 12, 1964, Serikali ya Mzee Abeid Amani Karume iliagiza kiondolewe, na mwezi Aprili mwaka huo kikaanza kufungwa. Makombora hayakuwahi kuwepo, lakini mahali palipozungushiwa ua na kulindwa na wageni palimwachia kila mtu nafasi ya kuona alichokihofia.

Mwakilishi wa kidiplomasia wa Marekani Unguja katika siku hizo alikuwa Frank Carlucci. Januari 1965, yeye na mwenzake wa ubalozi wa Dar es Salaam, Robert Gordon, walifukuzwa nchini wakituhumiwa kupanga njama. Ushahidi ulikuwa mazungumzo yao ya simu yaliyonaswa. Kwa maelezo ya upande wa Marekani, wawili hao walikuwa wakijadili namna ya kuishawishi Washington itume salamu za kumbukumbu ya Mapinduzi, na mmoja akatumia neno la Kiingereza lenye maana ya risasi, akikusudia hoja za kumwezesha kushinda mjadala. Waliosikiliza walifahamu risasi za bunduki.

Sauti ilinaswa sawasawa, na neno lilikuwa hilo hilo, lakini kufasiri ndiko kulikoleta mgogoro kati ya nchi mbili. Ikiwa mazungumzo ya simu yanaweza kufasiriwa hivyo, mchoro wa penseli uliotoka katika njozi unaweza kuwa chochote. Carlucci mwenyewe alikuja kuwa Naibu Mkurugenzi wa CIA kuanzia 1978 hadi 1981, na Waziri wa Ulinzi kuanzia 1987 hadi 1989, miaka ambayo watazamaji wa Fort Meade walikuwa kazini chini ya paa la dola hiyo hiyo.

Gharama asiyoilipa mtazamiaji

Wamarekani walipoteza dola milioni 20. Tanzania imelipa kwa kitu cha thamani zaidi. Ramli chonganishi, ile ambayo mpiga ramli humtaja jirani, shangazi au mke mwenza kuwa ndiye chanzo cha maradhi au msiba, imewagharimu maisha wanawake wazee katika mikoa ya Kanda ya Ziwa. Imani za kishirikina zilizochochewa na waganga matapeli zimesababisha pia mauaji ya watu wenye ualbino, ambao zaidi ya 70 kati yao walikuwa wameuawa tangu mwaka 2000 hadi Serikali ilipotangaza, Januari 2015, kuwapiga marufuku wapiga ramli.

Tofauti kati ya chumba cha Fort Meade na kibanda cha mpiga ramli chonganishi ni kwamba huko mchoro uliokosewa uliishia kwenye jalada, na siku moja jalada likafunguliwa na kuhesabiwa. Huku jina likishatajwa, hakuna jalada wala hesabu. Aliyetajwa hana mahali pa kujitetea, na mpiga ramli haitwi kujibu.

Ndiyo maana njia iliyotumika mwaka 1995 yafaa kuchukuliwa hata na asiyejali lolote kuhusu ujasusi. Kwa mtu yeyote anayedai kuona yaliyofichika, awe na buibui, kanzu au sare ya jeshi, yapo maswali matatu. Je, alilisema na likaandikwa kabla ya jambo kujulikana? Je, alichosema kinafaa mahali pamoja tu, au popote? Na je, nani aliyezihesabu mara alizokosea?

Usiku wa kuamkia Septemba 10, 2011, meli ya MV Spice Islander I ilipozama katika mkondo wa Nungwi ikielekea Pemba na kuua mamia ya watu, wengine zaidi ya 600 waliokolewa. Waliwaona kwa macho, wakielea juu ya magodoro na mbao, wavuvi na waokoaji waliokwenda huko na vyombo vyao.

Bwejuu wanalijua hilo bila ya kusoma nyaraka za CIA. Chombo kinapochelewa, wa kwanza kuulizwa si mwenye ubao wa ramli bali mvuvi wa mwisho aliyemwona, na anachoulizwa ni upepo ulikuwa upi, maji yalikuwa yakivuta upande gani, na mwenzake aliaga kuwa anakwenda wapi. Majibu hayo huwa si kamili, lakini nahodha anayetoka usiku kwenda kutafuta anaweza kuelekeza tanga kwayo, na akikosa upande mmoja hujua upande uliobaki.